Punda Aliyeitwa Jenerali

Hakuna kitu chenye kwato kinachoweza kunishangaza. Nawaambia mapema, ninyi vijana mnaoshika hatamu hapa Juba na kudhani punda ni pikipiki isiyotumia mafuta. Nimezalisha punda kwa mikono hii miaka ishirini na ushei. Nimemvuta mwana kutoka tumboni mwa mamaye miguu ikiwa imetangulia vibaya, mvua inaninyeshea, na wote wawili wakaishi. Nimeumwa bega, nimepigwa teke la goti, nimewahi kuuguza jike mpaka akapona yeye nikaugua mimi. Darasani nilifika la nne tu, huko Kitui, kwa sababu punda wa nyumbani hakuwa na mtu mwingine wa kumpeleka mtoni. Kwa hiyo mtu akija na kitabu kunieleza punda ni nini, namsikiliza kwa heshima, kisha namwomba amfunge kwenye karo, mkokoteni wetu wa hapa Juba, tuone.

Sasa mgongo umekataa kazi, ndiyo maana nimekaa chini niandike. Mkikuta herufi zimepinda, someni hivyo hivyo. Punda wangu hawakupinda.

Kwanza mwendo. Punda ana miendo mitatu inayotuhusu. Kuna kutembea, ambako hata shangazi yako anaweza. Kuna mbio, ambazo ni wazimu. Katikati kuna ule mwendo ambao Kiswahili cha vitabu kinauita matiti, nanyi mkicheka sitawalaumu. Mimi nauita telki, kama alivyouita mtu mmoja wa Lamu niliyefanya naye kazi ya maji nilipokuwa kijana. Katika telki, mguu wa mbele wa kulia unaondoka pamoja na wa nyuma wa kushoto, kisha jozi nyingine, tk-tk, tk-tk, kama mtu anayeshona kwa cherehani. Mgongo hautikisiki. Mzigo haujui kama unasafiri. Punda wa telki anakwenda hivyo kutoka mtoni mpaka mwisho wa mtaa wa Lemon Gaba akiwa na pipa zima la maji, na ukilifungua unakuta maji yote yamo. Punda wa mbio anafika kabla yake akiwa na nusu pipa, na mteja anakutukana wewe, hamtukani punda.

Nilipokuja Juba, miaka ile ya amani ya kungojea uhuru, wenye karo nzuri walikuwa wafanyabiashara wa kaskazini, na baadhi walifunga farasi. Farasi wazuri kweli, shingo ndefu, wenye kiburi kuliko mimi. Lakini huku kusini kuna mbung'o, na mbung'o hajali kiburi. Farasi anakonda, macho yanatoka maji, miguu ya nyuma inalegea, siku moja unamkuta amelala. Nilipoona wa tatu amelala nikasema, hapa kazi ni ya punda, na mimi ndiye mtu wake. Wengine walicheka. Wote wale waliocheka baadaye walinunua punda kwangu, na bei sikuipunguza.

Aliyenifundisha ni mzee mmoja wa Darfur, Amm Bakhit, na hiyo Amm ni ami kwa Kiarabu. Alikuwa mtunza farasi wa wale wafanyabiashara. Farasi walipokwisha, mabwana zake wakafunga maduka wakarudi kwao, yeye akabaki. Nilimuuliza kwa nini hakwenda. Akasema hapa anajulikana na punda wote, kule atalazimika kuanza kujitambulisha. Nikampa chumba katika ua wangu wa Atlabara, naye akanipa akili. Hapo nakiri: nilidhani mimi ndiye niliyemsaidia.

Maana kosa langu la kwanza alilikuta bado mbichi. Nilikuwa nimenunua dume kubwa jeusi kwa sababu lilishinda mbio za barabarani mbele ya macho yangu. Nikalipandisha majike manne. Mwaka mzima nikangoja, kwa maana jike la punda hubeba karibu mwaka, halina haraka na madeni yako. Wakazaliwa wana wanne wazuri, warefu, na wote wanne, ukiwafunga karo, hatua kumi za telki kisha wanavunja, wanaingia mbio, maji yanaruka. Amm Bakhit aliwatazama asubuhi moja tu. Akaniambia kwa wito wake wa Kiarabu, "Ya Mutua, umezalisha hofu. Baba yao alikuwa hakimbii, alikuwa anatoroka."

Akanionyesha namna ya kuchagua, nami nawapa ninyi bure. Usimtazame punda akiwa amefungwa, wala usimtazame akipigwa. Mfungue jioni, mwache aende mwenyewe mahali penye maji, wewe kaa mbali, nyamaza. Mwendo atakaouchagua peke yake akiwa na kiu ndio atakaowapa watoto wake. Na usitazame dume tu. Wengi wenu mnatazama dume kwa sababu mnajitazama wenyewe. Mwana huchukua moyo wa mamaye, kwa kuwa ndiye anayetembea naye miezi sita ya kwanza. Kagua nyayo zao kwenye vumbi: kwato ya nyuma ikikanyaga pale pale ilipokanyaga ya mbele, fungua mkoba wako ulipe, umepata.

Kwa njia hiyo nikapata jike dogo la kijivu, nikaliita Taratibu. Kwa njia hiyo nikapata na dume lililozaliwa uani kwangu, rangi ya majivu, mstari mweusi begani. Na hapo ndipo nilipoharibu.

Mwaka wa uhuru dume lile lilikuwa na miaka minne. Mji mzima ulikuwa unacheza. Kila gari kubwa lililopita watu walisema ndani yumo jenerali fulani, na watu walisimama kando wakipunga mkono. Nami nikasema, kama wao wanao, mimi pia ninaye. Nikamwita Jenerali.

Amm Bakhit hakupenda. Yeye punda zake hakuwapa majina. Aliwaendesha kwa kubofya ulimi, tk-tk, sauti ile ile ya kwato, na punda akisikia anajipanga nayo. Aliniambia jina ni kitu cha watu, ukimfundisha punda kusikia jina, siku moja utalihitaji mahali ambapo halifai kusemwa. Nikamjibu kwamba watu hawalipi kuja mashindanoni kusikia ulimi ukibofya. Nikamfundisha Jenerali kwa jina lake. Nililivuta, "Jene-raaali," kwa sauti ya chini, na popote alipotaka kuvunja, akilisikia anarudi kwenye telki. Bila jina, hapana. Nilijivunia hilo. Niliona ni kufuli ambalo ufunguo wake ninao mimi peke yangu.

Mashindano tulifanya Jumapili baada ya kanisa, upande wa Gumbo, ng'ambo ya daraja la mto, kwenye njia ya udongo, murram, iliyokwenda sambamba na lami ya Nimule. Sheria ilikuwa ya kazi yetu wenyewe. Kila karo inabeba ndoo mbili za maji zisizo na kifuniko, ndani zimekwaruzwa alama kwa msumari. Anayetangulia akiwa na maji juu ya alama ameshinda. Punda akivunja mwendo, umetolewa, hata kama maji yamebaki. Refa alikuwa Mama Akello, Mganda aliyeuza makaa na chai pale mwisho wa njia. Mwanamke mpana, sauti kama king'ora. Siku moja alimtoa Jenerali akisema amevunja hatua tatu. Nikasema mbele ya umati kwamba Mama Akello hawezi kutofautisha punda na mbuzi mpaka aonje supu. Watu walicheka sana. Yeye hakucheka. Alikwangua sufuria yake akasema, "Sawa, Mkenya. Mimi iko hapa. Siendi popote."

Nililisahau neno hilo kwa miaka miwili.

Desemba ile, miaka miwili na nusu baada ya uhuru, vita vilipoanza ndani ya mji, Taratibu alikuwa na mimba ya Jenerali na siku zake zilikuwa zimekaribia. Elewa maana yake. Telki kwa telki, mama na baba, wote nimewachagua mimi kwa nyayo zao. Mwana wa kwanza wa namna hiyo. Miaka saba ya kazi ilikuwa ndani ya tumbo moja, na tumbo lenyewe lilikuwa Atlabara, ambako milio ya bunduki ilianza usiku wa Jumapili na Jumanne bado haijanyamaza. Ukuta wa ua wetu ulikuwa wa mabati. Nilihesabu matundu sita. Amm Bakhit alikuwa na homa, hawezi kusimama muda mrefu. Jirani aliyekuwa akituletea habari hakuja tena, na mlango wake ulikuwa wazi.

Asubuhi ya Jumatano kukatulia kidogo. Nikasema tunavuka daraja, tunakwenda Gumbo. Nikamfunga Jenerali kwenye karo, nikamlaza mzee juu ya magunia, nikamfunika turubai kwa sababu alikuwa anatetemeka, nikapanga mitungi ya maji pembeni. Taratibu nikamfunga nyuma kwa kamba fupi.

Hesabu yangu ilikuwa hii. Anayetembea anasimamishwa na kila mwenye bunduki. Anayekimbia anapigwa. Lakini karo ya maji inayokwenda telki yake ya kila siku, watu wameizoea, macho yanaipita. Na Taratibu nyuma: akikokotwa mbio na tumbo lile, mwana amekufa kabla hatujafika mtoni. Kwa hiyo lazima iwe telki, njia nzima, bila kuvunja hata hatua moja. Sijawahi kuendesha shindano lenye sheria kali namna hiyo.

Tulitoka. Sitawaeleza nilichokiona barabarani. Nilikazia macho masikio ya Jenerali, ninyi pia mjifunze hivyo: masikio yakielekea mbele, yuko kazini, yakilala nyuma, amekukasirikia, likicheza moja moja, anakaribia kuvunja. Yalikuwa mbele. Tk-tk, tk-tk. Tulipita watu waliobeba magodoro, tukapita gari lililoungua. Vizuizi viwili havikutuuliza kitu. Mmoja alichukua mtungi wa maji, nikamwachia.

Daraja likaonekana. Kabla yake kulikuwa na kizuizi cha mwisho, gogo na viti viwili vya plastiki, watu watano wenye bunduki. Sare zao hazikufanana, nami sikuuliza ni wa nani. Mmoja akapunga mkono, nenda, nenda. Na wakati ule ule, nyuma yetu, upande wa mjini, kitu kikubwa kikalipuka.

Sikio la kushoto la Jenerali likacheza. Kisha la kulia. Nikahisi hatamu zinakuwa nyepesi mkononi, ile nyepesi ninayoijua, mwili wote wa punda unajikusanya ili uruke. Nyuma kamba ya Taratibu ikakaza. Nikabofya ulimi, tk-tk, kama Amm Bakhit. Hakujali, sikumfundisha. Mbele yetu watu watano wenye bunduki walikuwa wameinama kwa mlipuko, vidole kwenye vifyatulio, na chochote ambacho kingekimbia kuwaelekea dakika ile kingelala hapo.

Nikaita. "Jene-raaali."

Akarudi kwenye telki. Hatua mbili tu, akatulia kama maji ya mtungi.

Na wale watano wakasimama wima.

Mnaona walichokiona? Mtu amelala chini ya turubai, na mwendeshaji wake anamwita jenerali.

Walituzunguka. Aliyepunga mkono mwanzoni alikuwa kijana mwembamba, Kiswahili chake cha Kakuma kabisa, cha kambi ya wakimbizi kule Kenya. Hakunitazama mimi. Alielekeza bunduki kwenye turubai akasema kwa upole, ule upole unaokausha mate, "Amka, Jenerali. Safari imeisha."

Turubai likasogea. Amm Bakhit akajiinua taratibu, mvi zake zimejaa makapi ya gunia, akakaa. Akasema, "Mwanangu, mimi ni mtu wa punda."

"Amekuita jenerali."

"Hakuniita mimi."

Kijana akanigeukia. Nikamwambia ukweli, kwa sababu uongo wote ulikuwa umeniisha. Nikasema jenerali ni punda.

Mmoja wao akaanza kucheka, akaona wengine hawacheki, akaacha. Kijana akasema, "Kwa hivyo wewe Mkenya, unaishi kwetu, unakula kwetu, na jenerali wetu umemfanya punda."

Nikasema hapana, nilimpa jina kwa heshima. Neno heshima lilitoka kwangu limevunjika vipande vitatu.

"Muite tena."

Sikutaka.

"Muite. Nataka kuona kama ni kweli."

Nikaita. Jenerali akageuza masikio yote mawili, akageuza na kichwa, akanitazama. Sijawahi kutamani punda awe mjinga kama nilivyotamani siku ile.

Kijana akakaa kwenye kiti chake cha plastiki. Kisha akasema, "Jenerali hatoroki mji vita vikiwa ndani. Atabaki kazini. Ninyi raia mnaweza kwenda."

Wakamfungua. Sikubishana. Nilipoangalia karo iko tupu mbele, mzee hawezi kutembea, Taratibu hawezi kufungwa, nikafanya hesabu ya mwisho. Nikaingia mimi katikati ya ile miti miwili ya karo, nikaishika kwapani, nikavuta.

Wakacheka sasa, wote watano. Niliinamisha kichwa. Daraja lile ni refu, nyinyi mnalipita kwa pikipiki hamlijui. Kila nilipotaka kukimbia, na nilitaka sana, mgongo wangu wote ulikuwa unangoja risasi, Amm Bakhit nyuma yangu alibofya ulimi. Tk-tk. Tk-tk. Nikajikuta najipanga nayo. Katikati ya daraja akaniambia kwa sauti ya chini, "Usivunje, ya Mutua." Sikuvunja. Nyuma nikasikia kwato za Taratibu, moja, moja, polepole, na hiyo ndiyo sauti iliyonivusha.

Mwana alizaliwa Gumbo siku ya kumi na nane tangu tuvuke, nyuma ya banda la mabati. Jike, kijivu kama mamaye, mstari wa babaye begani. Siku ya pili akainuka akaelekea penye ndoo, peke yake, hakuna aliyemsukuma. Amm Bakhit alikuwa ameketi kwenye gunia, homa imempungua. Akaniambia nitazame miguu. Mguu wa mbele wa kulia na wa nyuma wa kushoto, pamoja. Niliangalia pembeni kidogo, vumbi lilikuwa limeniingia machoni.

Wanne waliovunja walinifundisha kuchagua. Huyu alinifundisha kunyamaza. Sikumpa jina. Mpaka leo, kila punda wa ukoo ule mnaowaona wakipeleka maji mpaka Lemon Gaba, anaendeshwa kwa ulimi, na msije mkaniomba niwaite kitu.

Jenerali nilimwona tena miezi miwili baadaye. Nilikuwa napita mwisho wa ile murram ya mashindano, nikamkuta amefungwa kando ya magunia ya makaa. Mbavu nje, kidonda shingoni mahali pa kamba, lakini ni yeye. Na aliyeketi kando yake akikaanga mandazi ni Mama Akello.

Nilifanya ujanja. Mimi ni mtu wa kununua, nimenunua wanyama kwa watu wajanja kuliko yeye. Nikauliza bei ya makaa kwanza. Nikalalamikia makaa. Kisha, kama mtu aliyechoka kuzungumza, nikauliza kama na yule punda mgonjwa anamuuza.

"Yeye? Mimi nanunua yeye kwa watu ya bunduki, kwa magunia matatu. Nasikia yeye iko mvivu. Wewe leta mia saba, peleka."

Mia saba. Mkono ulikuwa umeshaingia mfukoni. Lakini nikataka hata pungufu ya hapo, kwa kuwa ndivyo nilivyo, nikamwambia punda huyu ni wangu, niliibiwa, aone aibu.

Mama Akello akageuza andazi. Akasema punda wote iko na sura moja, na yeye si alisemwa hawezi kujua punda na mbuzi? Kama ni wangu, niite jina lake, aone kama atageuka. Watu wa chai walikuwa wamegeuka wanasikiliza, na baadhi yao walikuwepo Jumapili ile ya supu.

Ningeondoka. Ningempa mia saba nikanyamaza. Amm Bakhit alikuwa ameniambia kwa kinywa chake, na daraja lilikuwa limeniambia kwa makwapa yangu. Lakini watu walikuwa wananitazama.

"Jene-raaali," nikaita.

Masikio mawili. Kichwa. Yale macho.

Mama Akello alifuta mikono kwenye leso bila haraka yoyote. "Sasa tumejua sisi wote," akasema. "Punda ya makaa ni mia saba. Lakini hii ni Jenerali."

Tulibishana mpaka mandazi yakapoa. Nilipomaliza kulipa aliniita tena, akanyoosha mkono kwenye kile kipande cha katani kilichomfunga shingoni, akasema hiyo hakuuza. Ilikuwa kamba yangu mwenyewe, niliijua kwa fundo. Nikailipia.

Pauni elfu mbili mia nne na kumi. Hiyo kumi ni ya kamba.